Kutoka gerezani hadi kiti cha gavana: maswali tunayoulizwa Goma kuhusu Irwandi Yusuf wa Aceh

Hapa Goma, mji wa Kivu ya Kaskazini mashariki mwa Kongo, ni vigumu kulitaja neno "gavana" bila kukumbuka mlio wa risasi. Mji huu uliingiwa na makundi ya waasi: AFDL mwezi wa Novemba 1996, na RCD mwezi wa Agosti 1998, na M23 mwezi wa Novemba 2012 na tena mwezi wa Januari 2025, na mara tatu kati ya hizo nne walioushika waliweka gavana wao wenyewe. Kwa hiyo, katika mazungumzo ya jioni na vijana, walimu na wazee, ninapotaja kwamba kuna jimbo moja la mbali ambako mwasi aliyekuwa mfungwa alichaguliwa kuwa gavana kwa kura za wananchi, maswali huja mengi kuliko muda tulio nao. Nimeyakusanya hapa yale yanayorudi mara kwa mara, na nimeyajibu kwa urefu pale ambapo naona jibu fupi lingepotosha.

Irwandi Yusuf ni nani?

Ni mtu wa Aceh, jimbo lililo kwenye ncha ya kaskazini ya kisiwa cha Sumatra nchini Indonesia. Alizaliwa mwaka 1960 huko Bireuen, akasomea udaktari wa mifugo katika Chuo Kikuu cha Syiah Kuala mjini Banda Aceh, akafundisha hapohapo, kisha akaenda kuendelea na masomo Marekani katika jimbo la Oregon. Alikuwa mwanachama wa Harakati ya Aceh Huru, inayojulikana kwa kifupi kama GAM. Alikuwa gavana wa Aceh tangu mwaka 2007 hadi 2012, na akachaguliwa tena mwaka 2017.

Je, alikuwa askari kweli, au alikuwa mwanasiasa wa waasi tu?

Swali hili ni la haki, kwa sababu sisi tunajua tofauti iliyopo kati ya anayelala msituni na anayesoma matangazo akiwa hotelini. Irwandi hakuwa kamanda wa vikosi vya porini. Kazi yake ilikuwa upelelezi na propaganda: kukusanya habari, kuzipeleka mahali zinapohitajika, na kushindana na jeshi la serikali katika vita vya maneno. Hiyo ilitosha kumfanya atafutwe, akamatwe mwaka 2003, na ahukumiwe kifungo cha miaka 9 kwa kosa la uhaini.

Anayetaka kusikia habari za askari hasa amtazame Muzakir Manaf, ambaye nitamfikia mbele kidogo.

GAM ilipigania nini?

Ilianzishwa na Hasan di Tiro tarehe 4 Desemba 1976 ikidai uhuru kamili wa Aceh. Nyuma ya dai hilo kulikuwa na malalamiko ambayo mtu wa Kivu hahitaji kufafanuliwa kwa kirefu. Gesi asilia iligunduliwa katika eneo la Arun, karibu na Lhokseumawe, ikauzwa nje kwa mabilioni, na wenyeji waliokaa juu ya utajiri huo wakabaki kuutazama ukiondoka. Jeshi lilijibu uasi kwa ukali mkubwa, hasa kuanzia mwaka 1989 Aceh ilipogeuzwa eneo la operesheni za kijeshi, na ukali huo ndio ulioiletea GAM wapiganaji wengi zaidi kuliko hotuba zozote za viongozi wake waliokuwa uhamishoni Sweden. Vita hivyo viliua watu zaidi ya 10,000 katika muda wa karibu miaka 30.

Alitokaje gerezani?

Alitolewa na bahari. Asubuhi ya tarehe 26 Desemba 2004 tetemeko kubwa la ardhi lilitikisa chini ya bahari karibu na Sumatra, na baada ya muda mfupi tsunami iliifunika Banda Aceh. Irwandi alikuwa katika gereza la Keudah, lililo ndani ya mji huo. Maji yalipoingia na kuanza kupanda, alipanda hadi juu, akatoboa dari na kutokea kwenye paa, na kutoka pale akauona mji aliokuwa ameusoma na kuufundisha ukipita mbele yake kama takataka za mtoni. Wafungwa wengi waliokuwa naye walikufa humo ndani. Yeye akatoweka, akavuka mipaka, akaungana na wenzake waliokuwa nje ya nchi.

Katika Aceh nzima watu waliokufa au kupotea siku ile walikaribia 170,000. Nawaomba wasomaji waikumbuke hesabu hiyo kabla ya kuifurahia hadithi ya mfungwa aliyeponyoka, kwa sababu nimeona vijana wetu wakiisimulia kama filamu. Mtu aliyesimama juu ya paa lile alikuwa anatazama watu wake wakifa.

Basi tsunami ndiyo iliyoleta amani?

Hapana, ingawa jibu hili huwashangaza wengi. Juhudi za kumleta Martti Ahtisaari, rais wa zamani wa Finland, awe msuluhishi zilikuwa zimeanza kabla ya maji kuja. Serikali mpya ya Rais Susilo Bambang Yudhoyono ilikuwa imeshaona kwamba vita haviishi kwa bunduki, na GAM ilikuwa imechoka msituni baada ya hali ya kijeshi iliyotangazwa mwezi wa Mei 2003. Msiba uliharakisha mambo na uliwapa pande zote mbili sababu ya kukubali bila kuaibika, na mazungumzo ya kwanza yakafanyika Helsinki mwishoni mwa Januari 2005.

Ushahidi kwamba msiba peke yake hautoshi uko katika bahari hiyohiyo. Tsunami ileile iliipiga Sri Lanka, ambayo nayo ilikuwa na uasi wake, na huko vita vilirudi na kuendelea hadi mwezi wa Mei 2009, vilipomalizwa na jeshi kwa damu nyingi. Na sisi tunaoishi chini ya volkano ya Nyiragongo tunalijua hili kwa miguu yetu. Tarehe 17 Januari 2002 lava ilipita katikati ya mji na kuumeza mtaa wa biashara, na tarehe 22 Mei 2021 ilishuka tena, siku tano baadaye tukaamriwa kuhama, tukaelekea Sake na watoto na magodoro vichwani. Mara zote mbili tulirudi kujenga juu ya mawe meusi, na mara zote mbili makundi yenye silaha yalibaki palepale yalipokuwa. Mlima hauwezi kuwakalisha watu mezani kama hawajaamua kukaa.

Mapatano ya Helsinki yalisema nini?

Yalitiwa saini tarehe 15 Agosti 2005, na ni hati fupi. GAM iliacha dai la uhuru. Serikali ilikubali Aceh ijitawale ndani ya Indonesia, ibaki na asilimia 70 ya mapato ya mafuta na gesi yake, iruhusiwe kuwa na vyama vya siasa vya jimbo, jambo lisiloruhusiwa katika majimbo mengine, na waasi wapewe msamaha. Umoja wa Ulaya na nchi tano za Asia ya Kusini-Mashariki zilituma waangalizi wa pamoja, na Irwandi alirudi nyumbani akiwa mwakilishi wa GAM mbele ya waangalizi hao. Mwaka mmoja kabla ya hapo alikuwa na namba ya mfungwa.

Silaha zilikwenda wapi?

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote, na nasikitika kwamba mara nyingi huulizwa mwishoni, watu wakiwa wameshasimama kwenda nyumbani.

Mapatano yalitaja hesabu: wapiganaji 3,000 wa kurudi uraiani na silaha 840 za kukabidhiwa, kwa awamu nne, kati ya Septemba na Desemba 2005. Kwa kila awamu serikali nayo ililazimika kuondoa sehemu ya askari na polisi waliokuwa wameletwa kutoka nje ya jimbo, hadi wabaki askari 14,700 na polisi 9,100 tu. Bunduki hazikuwekwa ghalani wala hazikugawiwa jeshi. Zilikatwa kwa misumeno ya umeme mbele ya watu, kwanza katika uwanja wa Blang Padang mjini Banda Aceh, na yeyote aliyetaka aliweza kusimama akaona chuma kikianguka vipandevipande. Waangalizi walizikagua, na zile zilizokuwa mbovu au za kienyeji mno zilikataliwa na hazikuingizwa katika hesabu. Kabla ya mwaka kwisha, silaha 840 zilikuwa zimetimia na jeshi la GAM likatangazwa kuvunjwa.

Uchaguzi wa gavana ulifanyika tarehe 11 Desemba 2006, karibu mwaka mzima baadaye. Mfuatano huo wa mambo ndio kiini cha yote ninayotaka kuyasema katika ukurasa huu: mtu alikwenda kuomba kura akiwa hana tena jeshi la kumsindikiza.

Kwa nini waasi wa Aceh hawakuingizwa jeshini na vyeo vyao, kama ilivyofanyika kwetu?

Kwa sababu mapatano hayakuwapa haki hiyo. Yaliwaruhusu tu waombe kazi ya polisi au ya jeshi katika jimbo lao kama raia mwingine yeyote, kwa masharti yaleyale ya taifa, mmoja mmoja. Hakuna kanali wa msituni aliyeamka asubuhi akiwa kanali wa serikali.

Sisi tulikwenda njia nyingine. Baada ya makubaliano yaliyotiwa saini Pretoria mwezi wa Desemba 2002 na kuthibitishwa Sun City mwaka 2003, makundi yote yaligawana serikali, vyeo na majimbo, na vikosi vikapelekwa kuchanganywa, jambo tulilozoea kuliita brasaji. Mwaka 2007 ukaja mfumo wa miksaji hapa Kivu ya Kaskazini, ambapo wapiganaji waliingia jeshini lakini wakakataa kuhamishwa mbali na eneo lao. Makubaliano ya tarehe 23 Machi 2009 kati ya serikali na waasi wa CNDP yakawaingiza tena, na tunajua kwamba amri za wakubwa wa zamani ziliendelea kusikika chini ya sare mpya, hadi mwaka 2012 askari haohao walipoasi na kulichukua jina lao, M23, kutoka tarehe ileile ya mapatano. Mpiganaji aliyejifunza kwamba uasi huleta cheo, na uasi wa pili huleta cheo kikubwa zaidi, hana sababu ya kuamini kwamba wa tatu utamletea hasara.

Sisemi kwamba Waaceh ni bora kuliko sisi. Nasema walifungiwa mlango ambao kwetu umeachwa wazi kwa zaidi ya miaka 20.

Nani alimfanya gavana? Aliteuliwa na rais?

Alichaguliwa na wananchi moja kwa moja. Hapa kwetu, kwa kifungu cha 198 cha Katiba, gavana huchaguliwa na wabunge wa jimbo, na chini ya hali ya kuzingirwa, yaani utawala wa dharura wa kijeshi, iliyoanza mwezi wa Mei 2021 Kivu ya Kaskazini na Ituri zilipewa magavana wa kijeshi walioteuliwa na rais. Aceh kila mpiga kura alikuwa na karatasi yake.

Wala hakuwa chaguo la wazee wa GAM. Viongozi waliorudi kutoka Sweden walikuwa na mgombea wao, ilhali makamanda wengi wa uwanjani walimtaka Irwandi. Alisimama kama mgombea huru, bila chama, pamoja na Muhammad Nazar kama naibu wake, aliyekuwa kiongozi wa vijana waliodai kura ya maoni kuhusu hatima ya Aceh. Kati ya jozi nane za wagombea, wao walipata asilimia 38 ya kura, na hawakuhitaji duru ya pili. Waasi walipogawanyika, waligawanyika kwenye sanduku la kura. Nimewauliza vijana wetu wahesabu ni makundi mangapi ya Kivu yaliyozaliwa kwa sababu wakubwa wawili walikosana, na hakuna aliyemaliza kuhesabu.

Alitawala vizuri?

Alifanya mambo yanayokumbukwa. Mwezi wa Juni 2007 alisimamisha ukataji wa miti katika misitu ya jimbo, na baadhi ya wapiganaji wa zamani wakapewa kazi ya kulinda msitu uleule waliokuwa wakijifichamo. Mwaka 2010 alianzisha bima ya afya iliyomruhusu kila mwenye kitambulisho cha Aceh atibiwe bila kulipa, kabla Indonesia nzima haijawa na mfumo wa namna hiyo. Kwa mama wa kijijini, ambaye mtoto wake angezuiliwa hospitalini kwa kukosa ada, hilo ni jambo kubwa kuliko bendera.

Lakini mwezi wa Agosti 2011 mlinzi huyohuyo wa misitu alitia saini kibali cha shamba la michikichi katika kinamasi cha Tripa, makazi ya orangutani, na watetezi wa mazingira waliokuwa wakimsifu wakaenda mahakamani. Kibali kilifutwa mwaka 2012, yeye akiwa ameshaondoka. Umaskini nao haukuisha: Aceh ilipokea fedha maalumu nyingi kutoka serikali kuu kuanzia mwaka 2008, na bado imehesabiwa miaka mingi miongoni mwa majimbo maskini zaidi ya Sumatra.

Aliposhindwa, alirudi msituni?

Hapana. Mwezi wa Aprili 2012 alishindwa vibaya na Zaini Abdullah, mmoja wa wazee waliotoka Sweden, aliyesimama pamoja na Muzakir Manaf. Siku ya kuapishwa kwa washindi, umati ulimpiga Irwandi nje ya bunge la jimbo. Kampeni yenyewe ilikuwa na vitisho na mauaji, na asiwepo wa kuwadanganya wasomaji kwamba Aceh iligeuka bustani. Hata hivyo, mtu aliyepigwa hadharani alibaki katika siasa za vyama, akasubiri miaka mitano, akagombea tena na kushinda mwaka 2017 kwa asilimia 37, akimshinda Muzakir Manaf.

Ni kweli kwamba alifungwa tena?

Ni kweli. Usiku wa tarehe 3 Julai 2018 alikamatwa na tume ya taifa ya kupambana na rushwa, KPK, kwa kupokea hongo iliyohusu zile fedha maalumu za Aceh. Mwezi wa Aprili 2019 alihukumiwa kifungo cha miaka 7, na akaachiliwa kwa masharti mwezi wa Oktoba 2022.

Baadhi ya wasikilizaji wangu husema hapo: "Unaona, mwasi ni mwasi tu." Mimi naliona kwa jicho tofauti. Fedha zilizotolewa ili kuponya majeraha ya vita ziligeuzwa mali ya mtu, na hilo ni jeraha la pili juu ya lile la kwanza, siwezi kulitetea. Lakini gavana mwenye wapiganaji wa zamani wanaomheshimu alikamatwa na maafisa wachache, akapandishwa ndege kwenda Jakarta, akajibu mashtaka, na hakuna barabara iliyofungwa wala kambi iliyoshambuliwa. Bunduki zilikuwa zimekatwa miaka 13 kabla.

Na huyo Muzakir Manaf?

Huyo ndiye askari. Alizaliwa mwaka 1964, akapelekwa Libya miaka ya 1980 kufunzwa vita, na akawa kamanda mkuu wa GAM baada ya Abdullah Syafi'i kuuawa mwezi wa Januari 2002. Baada ya amani aliongoza umoja wa wapiganaji wa zamani, akawa naibu gavana kuanzia 2012 hadi 2017, akashindwa na Irwandi, akangoja. Alichaguliwa kuwa gavana mwezi wa Novemba 2024 na kuapishwa mwezi wa Februari 2025. Kutoka kuvunjwa kwa jeshi lake hadi kiti hicho ilipita miaka 19.

Je, Kivu inaweza kufuata njia hiyo?

Sehemu yake tu. Aceh ilikuwa na kundi moja la waasi lenye uongozi mmoja uliojulikana, na halikuwa na jirani aliyeleta majeshi yake ndani ya jimbo. Mashariki mwa Kongo kuna makundi zaidi ya 100, na vita vyetu vina mikono ya nje. Kwa hiyo anayesema "tufanye kama Aceh" kana kwamba ni suala la kunakili hati moja hajaitazama ramani. Linaloweza kuchukuliwa ni utaratibu: hesabu ya silaha iliyo wazi, uharibifu unaoonekana na raia, askari wa serikali kupungua kwa kiasi kilichotajwa, na cheo kutotolewa kama bei ya bunduki.

Waliouawa na kuteswa walipata nini?

Hapa ndipo Aceh inaponiumiza. Mapatano yaliahidi mahakama ya haki za binadamu na tume ya ukweli na maridhiano. Mahakama haijasimamishwa. Tume ilipata makamishna wake mwaka 2016, miaka 11 baada ya saini, ijapokuwa tangu mwaka 2007 magavana waliochaguliwa walikuwa watu waliotoka upande wa waasi na waliojua vizuri majina ya vijiji vilivyoteswa. Wapiganaji walipata uchaguzi, zabuni na viti; mjane aliyempoteza mume wake hakuwa na kundi la kumsemea.

Mwezi wa Januari 2023 Rais Joko Widodo alikiri kwamba ukiukaji mkubwa wa haki za binadamu ulitendeka Aceh, akitaja Rumoh Geudong huko Pidie, nyumba ambamo askari walitesa watu miaka ya 1990, pamoja na mauaji ya Simpang KKA ya mwaka 1999 na ya Jambo Keupok ya mwaka 2003. Mwezi wa Juni mwaka huo alifika mwenyewe Rumoh Geudong kuanzisha mpango wa fidia usiopitia mahakamani. Kabla hajafika, mabaki ya nyumba yalikuwa yameshabomolewa ili kuandaa mahali pa sherehe, na waliokuja kuonyesha walikoteswa walikuta ngazi za mlangoni tu.